Jina la Kumi na Saba

Mimi Badana sijasoma. Nasema mapema ili mtu asije akaniuliza maswali ya vitabuni. Kazi zangu pale Tsvitka zilikuwa mbili: kupika jikoni kwa Rabi Anshel, na kuwaosha wanawake wa kwetu wakifa. Nilikaa katika nyumba ya huyo rabi miaka kumi na tisa, na haya nitakayosema juu yake nimeyaona mwenyewe, isipokuwa sehemu moja. Sehemu hiyo sikuiona wala sikuisikia, na ndiyo hiyo niliyoitolea ushahidi.

Alikuwa na miaka ishirini na minane alipoandika kitabu cha pua. Yeye alikipa jina refu la heshima, lakini mtaani kiliitwa hivyo, kitabu cha pua. Kwetu mume akipotea vitani, au akizama mtoni, mkewe haolewi tena mpaka ithibitike kwamba mume amekufa, hata ipite miaka arobaini. Huyo tunamwita mwanamke aliyefungwa. Wazee wa zamani walisema maiti itambuliwe kwa uso, na uso uwe na pua. Marabi waliokuja baadaye wakalegeza hapa na pale, huyu akakubali kovu, yule akakubali koti. Rabi Anshel alikaa miaka sita akiwajibu mmoja mmoja, akaziba kila mwanya. Koti huazimwa, alisema. Kovu wanaweza kuwa nalo watu wawili. Hakuna pua, hakuna maiti, kwisha.

Basi jina likapaa. Barua zilikuja kutoka miji ambayo sijui hata iko upande gani. Marabi wenye ndevu za kufika kitovuni walikuja kunywa chai yangu na kubishana naye, wakaondoka wamenywea. Siku moja nikamuuliza, "Rabi, mbona unawakazia hivi wanawake wa watu?"

"Badana," akasema, "mwanamke akiolewa na kumbe mumewe yu hai, watoto atakaozaa wamekwisha. Hakuna wa kwetu atakayewaoa, wala kuwaoa watoto wao, vizazi kumi. Mimi namlinda mtoto ambaye hajazaliwa."

"Na yule anayelia usiku kucha ni nani anamlinda?"

Akacheka, akaomba chai nyingine. Wakati ule alikuwa mtu wa kucheka.

Kosa lake lilikuwa kupenda maswali. Yeyote akija na swali, awe nani awe nani, Rabi Anshel alimvutia kiti. Alikuwapo kijana Panas, karani wa duka la dawa, si wa dini yetu. Alikuja na maswali majira mawili ya baridi. Akajifunza lugha yetu, akajifunza herufi zetu, akala mkate wangu wa Sabato kwa vipande vinene, na kitabu cha pua akakisoma mpaka ukurasa wa mwisho. Rabi alijivuna mbele yangu, "Unaona? Hata Panas amekielewa." Kweli, alikielewa.

Halafu mfalme akaondolewa, na kila miezi miwili tukawa na serikali mpya yenye bendera mpya na njaa ileile. Kiangazi cha mwaka elfu moja mia tisa na kumi na tisa wakaja wapanda farasi wasio na serikali yoyote. Walikuja Jumanne asubuhi, jua limeshapanda, nikiwa nakanda unga. Kwanza nilisikia mbwa, kisha vioo, kisha mke wa mwokaji akipiga kelele ambayo sijawahi kuisikia kwa mtu mzima.

Nyumba ya rabi ilikuwa ya matofali, ndiyo maana wanaume walikimbilia kwetu. Waliingia kumi na wanane. Kumi na saba wa mji wetu, na ombaomba mmoja mpita njia aliyekuwa akilala sinagogi siku chache zile. Jina lake hakuna aliyelijua, sote tulimwita Mjomba. Miongoni mwa wale kumi na saba alikuwamo Getsel, seremala, mume wa binti yangu Fruma. Fruma alikuwa na mimba ya miezi sita, na namshukuru Mungu nilikuwa nimempeleka kwa shangazi yake katika mji wa Holenka siku mbili kabla.

Chini ya jiko langu palikuwa na shimo la viazi. Lilikuwa na tundu la hewa, upana wa mkate, linalotokea uani usawa wa ardhi. Shimo lenyewe ni la watu wawili wakijikunja. Getsel akafungua kifuniko, akaniambia, "Mama, ingia."

"Na wewe?"

"Nikiingia mimi nani atafunika? Ingia, Mama, usinibishie leo."

Rabi hakutaka. Alisema atakaa na watu wake. Getsel akamshika kiunoni kama gunia la ngano, akamshusha juu ya magoti yangu. Akafunika, nikasikia akivuta lile hori la kukandia unga na kuliweka juu. Mkwe wangu sikumwona tena na uso wake.

Mlango ulivunjwa kwa shoka. Nyayo zikawa nyingi juu ya vichwa vyetu, vumbi likatuingia machoni. Waliwakokota watu wetu hadi uani. Mmoja alijishika kwenye mguu wa meza na meza ikaenda naye. Kisha nikasikia sauti ninayoijua, ikisema kwa lugha yetu, taratibu, kama mwalimu. Ilikuwa ya Panas.

"Mmoja mmoja. Utasema jina lako na jina la baba yako, kama mnavyoitwa kusoma sinagogi. Rabi wenu ameandika kwamba bila pua hakuna maiti. Mimi ni mwanafunzi wake. Leo wake zenu nawaachia kitabu hicho wakisome mpaka wazeeke."

"Zelig mwana wa Mordko," likaja jibu. Huyo ni fundi cherehani, aliyenishonea gauni la harusi ya Fruma. Nikasikia shoka likitua, nikasikia na kile kilichofuata, kisu kikifanya kazi ndogo. Wapanda farasi wakacheka. Mmoja akatapika, wenzake wakamzomea kwamba ana tumbo la bibi harusi.

Hapo Rabi Anshel akaniziba masikio. Alinikaba kichwa kwa viganja viwili, akakaza mpaka nikaona nyota. Nilitaka kumsukuma, sikuwa na nafasi hata ya kuinua kiwiko. Mikono yake yote miwili ilikuwa masikioni mwangu, yake mwenyewe yakabaki wazi. Nilichokuwa nacho ni macho tu. Kupitia lile tundu niliona buti zikipita, nikaona magoti yakipiga chini, na baada ya muda damu ikaanza kuingia, ikitiririka ukutani na kulowesha viazi. Kila mara rabi aliposhtuka mwili mzima, nilijua mwingine amekwenda. Nilijaribu kuhesabu mishtuko yake, nikapotewa. Hakuniachia hata mara moja mpaka farasi walipoondoka.

Alasiri wanawake waliokuwa wamejificha mtoni wakaja kutuondolea lile hori. Uani palikuwa na maiti kumi na saba. Wamevuliwa makoti, mashati na buti. Juu ya nyuso sitasema mengi. Nitasema tu kwamba kazi ilifanywa kwa utaratibu, na mtu aliyesoma, na hakubakiza hata mmoja. Rabi alipita akiwainamia mmoja mmoja, na kila alipoinama alikuta jambo lile lile aliloandika yeye.

Waliingia kumi na wanane, walikuwapo kumi na saba. Nyuma ya ghala ubao wa uzio ulikuwa umevunjwa, na nyayo zenye damu zilikwenda hadi kwenye matete ya mtoni, zikaishia hapo. Mmoja aliruka.

Kwetu aliyeuawa haoshwi. Anazikwa na damu yake, na kila kilichoanguka kutoka kwake kinakusanywa kizikwe naye. Wanaume wa chama cha maziko walikuwa pale chini wenyewe, kwa hiyo kazi nikaifanya mimi na wenzangu. Nilikwangua udongo wa ua kwa kijiko cha chuma. Vile vipande vidogo nilivikusanya kwenye kikapu cha viazi, na sikujua kipi ni cha nani, nikavizika pamoja. Maiti wa saba kutoka mlangoni alikuwa amebaki na soksi moja mguuni, ya sufu, na kisigino chake kimetiwa kiraka kwa uzi wa kijani. Kiraka kile nilikitia mimi. Nikakaa chini, nikaushika ule mguu, nikalia nilivyotaka.

Fruma aliporudi wanawake walikuwa wamejaa jikoni kwangu, kumi na sita, yeye akawa wa kumi na saba. Hawakumtukana rabi. Ningependa wangemtukana. Waliketi tu wakitazama mlango wa chumba chake, wasichana wengine hawajafika hata ishirini, na kila mmoja alikuwa anajua kitabu kinasemaje.

Rabi alikaa sakafuni siku saba za matanga. Siku ya nane akatoka, ndevu chafu, macho mekundu, akasimama mbele yao. "Niliwasikia," akasema. Akaanza kuwataja kwa mpangilio waliouawa, jina na jina la baba. Zelig mwana wa Mordko. Berish mwana wa Nute. Kila jina lilipotajwa mwanamke mmoja alijishika kifua. Akataja kumi na sita akanyamaza, na mimi na Fruma tulikuwa bado tunasubiri.

Akaingia chumbani na kuandika wiki tatu. Nilipeleka chakula na kukitoa kimepoa. Alikuwa anakibomoa kitabu chake mwenyewe, hoja kwa hoja. Kipofu anamjua mke wake kwa sauti, na sheria inamruhusu kulala naye kwa sauti hiyo tu. Basi sauti nayo ni uso. Watu hawa kumi na sita walisema majina yao, kila mmoja akapigwa papo hapo, na maiti zipo. Jambo zito kama hilo halipitishwi na rabi mmoja, kwa hiyo akawaandikia marabi wawili wa miji jirani waje waketi naye.

Nikamfuata mezani. "Na Getsel?"

"Getsel sikumsikia, Badana. Na yule Mjomba sikumsikia. Wawili hawakusema jina. Mmoja wao yuko kaburini, mmoja aliruka uzio."

"Soksi ilikuwa ya Getsel. Kiraka changu nakijua."

"Nguo huazimwa."

"Nani anaazima soksi iliyotoboka, Rabi? Usinitie wazimu."

Fruma alikuwa mlangoni, tumbo mbele. "Mama," akasema taratibu, "Alhamisi kabla sijaenda Holenka, Getsel alimpa Mjomba jozi moja ya soksi. Jozi zake zote mbili ulizitia viraka kwa uzi mmoja."

"Nani kakuuliza wewe?"

"Umeuliza mwenyewe, Mama."

Nilitaka kumzaba kibao, na mimba yake ile. Kama marehemu baba yake, mkweli wa kijinga. Rabi alifunika uso. Akasema afadhali akate mkono wake wa kulia kuliko kumwambia Fruma hapana, lakini hapana ndiyo iliyokuwapo.

Marabi wale walichelewa kwa sababu ya njia. Walipofika ilikuwa vuli, na Fruma alikuwa amejifungua mtoto wa kiume, ana siku saba. Kesho yake alikuwa atahiriwe na kupewa jina, na hata hilo lilikuwa limefungwa. Kwetu mtoto hapewi jina la baba aliye hai. Akizaliwa yatima, anaitwa kwa jina la baba. Fruma alikuwa akimnyonyesha akimwita "wewe". Nilimsikia asubuhi ile akimwambia, "Tulia, wewe, tutajua leo." Hapo ndipo nilipopiga moyo konde.

Waliketi mezani kwangu, meza ileile. Mkubwa wao alikuwa Rabi Volf wa Holenka, mzee mkali mwenye sauti ya mikwaruzo, na huyo wa pili alitikisa kichwa tu kila Rabi Volf aliposema. Sisi wanawake tulisimama ukutani. Wale kumi na sita walipitishwa kabla ya mchana. Kila mmoja aliposomewa kwamba yuko huru alilia zaidi ya siku ya maziko, maana sasa mumewe alikuwa amekufa kweli. Kisha Rabi Volf akasoma jina la Getsel, akasema hakuna ushahidi, akanyoosha mkono kufunga karatasi.

"Mimi nilimsikia," nikasema.

Kwa kufunguliwa mwanamke, ushahidi wa mwanamke mmoja unatosha. Hilo nilikuwa nimelipata pale pale jikoni, kwa miaka kumi na tisa ya kumimina chai.

Rabi Volf akageuka. "Ulisikia nini?"

"Getsel mwana wa Hirsh. Kisha shoka."

"Kwa masikio yako?"

"Kwa masikio yangu."

"Mbona miezi mitatu hukusema?"

"Hakuna aliyeniuliza. Wanaume walikuwa wanahesabiana wao kwa wao."

Yule wa pili akakohoa kuficha kicheko. Rabi Volf hakucheka. Akamgeukia Rabi Anshel.

"Ulikuwa naye shimoni. Wewe hukumsikia huyu Getsel. Yeye angeweza kumsikia?"

Rabi Anshel alikuwa ameweka mikono mezani. Nikaitazama ile mikono, viganja vyake vipana vyenye wino, na nikajua kwamba na yeye anaitazama. Huyu ni mtu ambaye sijawahi kumsikia akisema chai ni tamu kama sukari imepungua. Aliwahi kurudisha barua ya sifa kwa sababu mwandishi alikosea tarehe. Nyuma yangu mtoto alikuwa ananyonya, na chumba kizima kilikuwa kinasikia anavyonyonya. Nikasema moyoni, basi Badana, umekwisha, atakutaja kuwa mwongo mbele ya mji mzima, na haki anayo.

"Angeweza," akasema. "Alikuwa karibu na tundu kuliko mimi."

Rabi Volf akashusha pumzi. "Angekuwa rabi mwingine ningeuliza tena. Lakini wewe ndiye uliyetufundisha kukaza. Ukishasema wewe, mimi sina swali." Akatia sahihi. Wa pili akatia. Rabi Anshel akatia mwisho, akaifuta kalamu kwa kitambaa, akairudisha kwenye kibweta chake, na kile kibweta akakisukuma mbele ya Rabi Volf.

"Chukua. Mimi nimemaliza."

Walidhani ni zawadi ya shukrani. Kumbe alikuwa ameacha urabi. Baada ya wiki mbili alihamia Holenka, akafundisha watoto wadogo kusoma herufi mpaka alipokufa, na aliyekwenda kumuuliza neno la sheria alielekezwa nyumba ya jirani.

Wageni walipotoka nilimkuta ameegemea lile hori. Nikafunga mlango.

"Kwa nini?" nikamuuliza. Nilikuwa na hasira, sijui hata hasira ya nini. "Mimi ni mama, mimi nina sababu. Wewe je?"

"Panas kisu alikitoa kwangu," akasema. "Sikuweza kumwachia aendelee kukata."

"Na kama Getsel yu hai?"

"Basi watoto wa Fruma watakaofuata wamekwisha, na tutajibu mimi na wewe. Mimi kwanza."

Nasema wazi, tangu siku ile kila mlango unapobishwa natangulia mimi kuufungua. Fruma aliolewa tena, ana watoto wanne, wanene, wazuri, na mimi nikiwabeba nasikiliza njiani. Siombi msamaha. Ningesimama tena pale ukutani na kusema vile vile.

Kesho yake ilikuwa tohara. Nilimbeba mtoto juu ya mto hadi mlango wa chumba cha wanaume, nikamkabidhi, nikabaki kizingitini. Rabi Anshel hakuwa kwenye kiti chake cha mbele. Alisimama pale pale mlangoni karibu nami, kama mgeni asiye na mwaliko, mikono ameificha nyuma ya mgongo. Mtoto akalia, divai ikabarikiwa, na mtahiri akauliza jina. Babu mmoja akamnong'oneza, naye akalitamka kwa sauti kubwa mpaka uani.

"Getsel mwana wa Getsel."

Rabi Anshel akaniinamia sikioni. "Sasa umelisikia, Badana," akasema.

Nikamjibu kwamba nimelisikia.